Nikopeshe Nyoka

Alhamisi ni siku ya kulisha.
Natoa panya weupe kwenye friza, wagumu kama mche wa sabuni,
nawaloweka kwenye beseni la maji moto
hadi mkia ukubali kujikunja kidoleni.
Kisha koleo, kisha kioo, kisha subira.

Chatu wetu ana miaka kumi na tisa
na hajawahi kufukuza chochote.
Namtikisia maiti, namchezeshea,
ili ajidanganye kwamba kuna roho ya kukimbiza.
Anaonja hewa. Ulimi unauliza mara mbili.
Halafu, ghafla, pingu.
Watoto wa shule kutoka Rongai wanapiga mayowe,
mwalimu wao amefumba macho,
nami nimebaki na koleo tupu.

Jioni nashuka kwa miguu, navuka Mto Nairobi
na harufu yake, naingia Nyamakima.
Kasyoka ananipimia kilo mbili za mwitemania.
"Wewe si ndiye mlisha nyoka?
Basi nikopeshe mmoja."
Nikacheka. Yeye hakucheka.
Alinionyesha gunia la chini: limetobolewa kifundi,
mahindi yametoka nje kama meno,
na juu ya dengu, vinyesi, vyeusi, vimepangika.
Aliweka sumu; wakafia ndani ya ukuta,
wakanuka wiki tatu, wateja wakahama.
Alileta paka; paka akanenepa kwa maziwa.
"Panya huuma huku akipuliza," akasema.
"Mimi nimepulizwa mwaka mzima.
Kidonda nakiona nikipiga hesabu."

Nyoka wa serikali hakopeshwi, nikamwambia.
Nikabeba maharagwe yangu.

Aprili, mvua ikinyesha, kijana wa Kangemi
alituletea kopo la Kimbo, kifuniko kimetobolewa kwa msumari.
Ndani: nyoka wa nyumba, kahawia, urefu wa mkono,
mistari miwili myeupe ikipita machoni
kama mtu aliyelia zamani.
Hana sumu. Hana kosa.
"Mama alitaka kummwagia mafuta ya taa," kijana akasema,
akadai kopo lake.

Kitabuni niliandika: *amerudishwa porini.*
Kalamu ikasita kwenye neno hilo.
Pori ni nini?
Si lazima liwe miti.
Ni mahali ambapo chakula kina miguu
na hakuna mtu wa kukutikisia.

Usiku ule, taa za duka zimezimwa,
nilimfungulia nyuma ya magunia ya choroko.
Hakugeuka, hakuniaga.
Alimwagika.

Wapakiaji hawakuambiwa;
wangemponda kwa mawe ya mizani.
Husemwa aliyeumwa na nyoka
akiona ung'ongo hushtuka.
Kasyoka hakuwahi kuumwa na nyoka.
Ameumwa na debe, ameumwa na kodi ya duka.
Kila asubuhi alifungua mlango kwa kikohozi,
hodi ya heshima,
akangoja kidogo, ndipo akaingia.

Hakumwona hata siku moja.
Alichoona ni magunia, mazima.
Alichosikia ni dari, kimya,
kimya ambacho mwanzoni kilimnyima usingizi wa mchana.

Wiki ya saba akanipigia simu: njoo.
Kati ya njugu na njahi alikuwa ameokota gamba,
jepesi kama ganda la kitunguu,
kamili, hadi vifuniko vya macho.
Alilikunja taratibu
akalilaza kwenye daftari la madeni,
ukurasa wa waliolipa.
Ukurasa wenyewe ulikuwa na majina matatu.

Alhamisi iliyofuata chatu alikataa kula.
Macho yake yalikuwa na utando wa samawati;
naye alikuwa anajiandaa kujivua.
Nikamwachia panya wake pale, maji yakapoa,
wageni wakachoka, wakaondoka.
Nikaegemea kioo, nikamsimulia Nyamakima:
magunia, giza, miguu midogo inayokimbia.
Nyoka hana masikio, najua.
Nilimsimulia.